Chokoleti ya Köln na Karafuu Zetu: Tujifunze Kuonja Tunacholima

Na Katibu wa Chama



Maneno yamenifika, tena si kwa kinywa cha mtu mmoja, ya kwamba Katibu wa Chama aliwaacha watu juu ya mikarafuu katikati ya msimu, akenda zake Ulaya kula chokoleti. Sina haja ya kukana. Nilikwenda, na chokoleti nimekula. Lakini mwenye kushitakiwa hupewa nafasi ya kusema, nami naomba nafasi hiyo katika gazeti letu hili, kwa sababu katika chokoleti ile nimeona jambo linalotuhusu sote wenye mashamba, na nisipolisema nitakuwa nimekula peke yangu.

Kwanza niondoe shaka ya fedha. Halmashauri ya Chama ndiyo iliyonituma Ujerumani mwezi wa Oktoba 2025, kwenye maonyesho makubwa ya vyakula yaitwayo Anuga, ambayo hufanyika mjini Köln kila baada ya miaka miwili. Nilichukua vifuko vya karafuu zetu vya kuwaonyesha wanunuzi, na taarifa ya kazi hiyo nimekwisha iweka mezani kwa Mwenyekiti. Maonyesho yalipofungwa nilibakiwa na nusu siku kabla ya treni yangu. Nusu siku hiyo ndiyo niliyoitumia kwenda kuitazama Makumbusho ya Chokoleti. Kiingilio nililipa kwa fedha yangu mwenyewe, na risiti ipo kwa Mshika Fedha akipenda kuiona.

Sasa nieleze nilichokiona.

Jumba lenyewe limejengwa juu ya ulimi wa ardhi ulioingia katika mto Rhein, na ukilitazama kwa mbali utadhani ni meli ya vioo iliyotia nanga. Lilifunguliwa mwaka 1993 na Bwana Hans Imhoff, tajiri aliyekuwa akiimiliki kampuni ya chokoleti ya Stollwerck, iliyoanzia mji huo huo mwaka 1839. Tangu mwaka 2006 mshirika wa jumba hilo ni kampuni ya Uswisi ya Lindt & Sprüngli. Ndani yake mna mashine kuukuu za kusagia na kukandia, na hata makabati ya chuma yaliyokuwa yakiuza chokoleti kwa kutiwa sarafu zamani za karne ya 19. Vitu ambavyo kwetu vingeuzwa kwa mafundi wa vyuma chakavu, wao wamevisugua, wameviandikia maelezo, na watu wanapanga foleni kuvitazama.

Palinichekesha mahali pamoja. Wametenga chumba cha vioo, wakakitia joto na unyevunyevu, wakapanda humo mikakao na miti mingine ya nchi zetu. Wazungu walioingia pamoja nami walivua makoti yao, wakawa wanapepea nyuso zao na kusema, loo, joto gani hili! Mimi nilikaa humo kuliko mahali pengine pote. Siku tano nilikuwa nikitetemeka kwa baridi ya mji ule, na pale ndipo nilipojisikia mzima. Nikawaza kwamba watu hawa wamelipa fedha wasimame dakika tano katika hali ya hewa ambayo sisi Mwenyezi Mungu ametupa bure tangu tulipozaliwa.

Mkakao ni mti wa kimo cha kati unaopenda kivuli. Matunda yake hayaning'inii kwenye ncha za matawi kama embe, bali huota kwenye shina lenyewe na kwenye matawi makubwa. Tunda moja lina mbegu kiasi cha 30 hadi 40, zimezungukwa na utando mweupe mtamu. Mkulima hulipasua, akazirundika mbegu, akazifunika kwa majani ya migomba muda wa siku tano mpaka saba ili zichache, kisha ndipo anapozianika juani. Mbegu ambayo haikuchacha vizuri, hata ukiikaanga na kuisaga namna gani, haitatoa ladha ya chokoleti.

Hapo nilisimama nikasoma mara mbili, maana ni kinyume kabisa cha mambo yetu. Kwao kuchacha ndiko kunakoleta ladha, na kwetu sisi kuchacha ndiyo hasara. Karafuu mbichi ukiirundika usiku kucha bila ya kuianika huchacha, ikapauka, ikanywea, na mafuta yake yakapungua. Lakini jambo la msingi ni moja kwa mazao yote mawili, nalo ni kwamba ubora hupatikana au hupotea mikononi mwa mkulima, katika siku chache za mwanzo baada ya kuchuma. Kiwanda cha Ulaya, kiwe na mashine za namna gani, hakiwezi kuirudishia mbegu ya kakao kile ambacho mkulima alikipoteza. Wala mnunuzi wa karafuu hawezi kuirudishia karafuu mafuta yaliyokwisha toka.

Historia ya zao lile nayo imeandikwa ukutani kwa tarehe zake. Wenyeji wa Mexico na nchi za jirani walikuwa wakinywa kakao chungu, na mbegu zake zikitumika kama sarafu sokoni. Mholanzi Van Houten mwaka 1828 alipata njia ya kukamua mafuta ya kakao na kubakisha unga. Mwaka 1875 Daniel Peter wa Uswisi alitengeneza chokoleti ya maziwa, na mwaka 1879 Rodolphe Lindt, wa Uswisi vile vile, akapata mashine ya kuikanda mpaka ikawa laini. Na mwaka huo huo wa 1879, mbali kabisa na mashine hizo, Mwafrika mmoja fundi wa chuma aitwaye Tetteh Quarshie alikuwa akipanda mbegu za kakao pale Mampong, nchi iliyoitwa Gold Coast, ambayo leo ni Ghana. Mbegu hizo alikuwa amerudi nazo kutoka kisiwa cha Fernando Po. Leo Ivory Coast na Ghana peke yao hutoa zaidi ya nusu ya kakao yote ya dunia, na mti wenyewe asili yake si Afrika.

Wazee wangu mtakuwa mmekwisha ona nielekeako. Mkarafuu nao si mti wa kwetu kwa asili. Ulitoka visiwa vya Maluku, ambako Waholanzi waliulinda kwa kuikata mikarafuu ya visiwa vingine ili bei isishuke. Wafaransa wakaiba miche mwaka 1770 wakaipeleka Mauritius, na mwanzoni mwa karne ya 19 mti ukafika Unguja na kisha Pemba. Tufani ya mwaka 1872 ilipoiangusha mikarafuu ya Unguja, Pemba ikawa ndiyo tegemeo. Kwa hiyo sisi na wakulima wa kakao wa Ghana ni ndugu kwa namna fulani. Sote tulikipokea kitu cha wageni tukakifanya chetu kwa jasho, na kukiuza bado tunamuuzia mgeni kikiwa kibichi au kikavu, bila ya kukigeuza kitu kingine.

Hata ugomvi wetu ulifanana. Miaka ile ile ya 1937 na 1938, wakati biashara ya karafuu hapa iliposimama kwa mgomo wa wafanyabiashara wa Kihindi waliopinga sheria ya kukabidhi ununuzi kwa chama kimoja, wakulima wa kakao wa Gold Coast nao walikuwa wamegoma kuuza, kwa kuwa makampuni ya Ulaya yalikuwa yamepatana bei baina yao. Hawakujuana, na kila mmoja alidhani taabu ni yake peke yake.

Sasa nije kwenye kuonja, maana ndilo jambo nililoshitakiwa.

Katika jumba lile ipo chemchemi ya chokoleti, kimo chake mita tatu, na ndani yake inazunguka kiasi cha kilo 200 za chokoleti ya moto. Binti mmoja husimama hapo, akichovya biskuti nyembamba na kuwapa wageni. Nilimwuliza kwanza kama mna pombe ndani yake, akasema hamna, nikapokea. Ni tamu, siwezi kusema uongo. Lakini hiyo ni tamu ya watoto, ikishapita imepita.

Kuonja kwenyewe kulikuwa mezani. Mwongozaji alitukalisha watu kumi na kitu, akatupa vipande vitatu vyeusi vilivyotoka nchi mbalimbali, akatukataza kutafuna. Akasema kwanza tukivunje karibu na sikio, kwani chokoleti iliyotengenezwa vizuri hulia ikivunjika, pili tukinuse, tatu tukiweke juu ya ulimi tukiache kiyeyuke chenyewe, maana mafuta ya kakao huyeyuka kwa joto la kinywani. Kisha akamwuliza kila mtu, umepata nini? Mmoja akasema zabibu kavu, mwingine akasema moshi, mwingine tumbaku. Wakabishana kwa adabu kama wanavyuoni juu ya herufi. Ilipofika zamu yangu nikasema kipande cha pili kina harufu inayokaribia karafuu. Mwongozaji akafurahi akaniuliza nimejuaje. Nikamwambia mimi nimezaliwa chini ya mkarafuu, baba yangu alikuwa mchumaji, na mwaka 1998 alianguka kutoka juu ya mkarafuu akaishi na mguu mfupi mpaka alipofariki.

Meza nzima ikanyamaza. Nikaona nimewaharibia utamu wao, nikaomba radhi. Lakini yule mwongozaji akasema neno ambalo silisahau: kwamba katika miaka yote ya kazi yake hakuwahi kukaa na mkulima mezani.

Hilo, ndugu zangu, ndilo nililotoka nalo. Jumba lile ni zuri, na sioni kwamba lina nia mbaya. Linaeleza habari za wakulima wa Afrika, na picha zao zipo, na dhiki yao imetajwa. Lakini mkulima mwenyewe pale ni picha, nayo picha haijibu swali. Bwana tajiri ana jina na tarehe, mvumbuzi wa mashine ana jina na tarehe, ila mwenye panga na majani ya migomba ni mkono tu usio na jina.

Na ukitaka kujua kwa nini jambo hilo ni zito, tazama bei. Mwaka 2024 kakao ilipanda katika masoko ya dunia hata ikapita dola 10,000 kwa tani moja, kwa sababu ya hali mbaya ya hewa na maradhi ya mikakao katika Afrika ya Magharibi. Lakini wakulima wengi wa Ghana na Ivory Coast walikuwa wakilipwa kwa bei iliyokwisha pangwa kabla ya msimu, na wengine miti yao ilikuwa imekufa, kwa hiyo neema ilipita juu ya vichwa vyao kama wingu lisilonyesha.

Nilipotoka pale niliingia katika duka la vyakula la kawaida kununua maji. Kwenye rafu ya viungo nikaiona karafuu. Ilikuwa katika kichupa cha gramu zisizofika 40, bei yake karibu ya euro 3. Nikatoa kalamu nikahesabu nyuma ya tikiti yangu. Vichupa 25 ni karibu ya kilo moja, na vichupa 25 ni karibu ya euro 75. Sasa kumbukeni kwamba bei ya karafuu daraja la kwanza ilipopandishwa hapa mwaka 2011, tukashangilia, ilifika shilingi 15,000 kwa kilo, na fedha hiyo kwa thamani ya leo haifiki euro 7. Najua kwamba katikati pana meli, bima, usafishaji, kichupa, kodi na faida ya duka, na mtu mwadilifu hawezi kusema kwamba tofauti yote ni dhuluma. Lakini nilikigeuza kichupa huku na huku nitafute imeandikwa wapi kuwa karafuu hiyo imetoka Pemba, au Madagascar, au popote. Haikuandikwa kitu. Na katika duka la makumbusho niliyotoka, vipande vya chokoleti vilikuwa na majina ya nchi kwa herufi kubwa: Ecuador, Ghana, Madagascar, na kimoja, Wallahi, kimeandikwa Tanzania! Wakulima wa kakao wa nchi yetu, ambao wengi wao wako Kyela, wamekwisha fika kwenye karatasi ya nje, na sisi ambao dunia ilitujua kwa karafuu kabla ya kutujua kwa kitu kingine, tumo ndani ya kichupa bila ya jina.

Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Mimi siwapingi wahenga, ila nasema walikuwa wakizungumzia soko ambalo muuzaji na mnunuzi wanaonana uso kwa uso. Katika soko la leo chema kisichokuwa na jina hutiwa gunia moja na kibaya, na vyote viwili vikapata bei ya kibaya.

Niliporudi nyumbani, watu walikuwa bado wanachuma. Usiku wa tatu nilifanya jaribio barazani, na wanachama kumi na mmoja walioshuhudia wako hai. Nilipika maji, nikatia vikombe vitatu, kila kimoja karafuu kumi. Kikombe cha kwanza kilikuwa na karafuu zilizochambuliwa na kuanikwa majamvini siku ile ile zilipochumwa. Cha pili kilikuwa na karafuu zilizoanikwa kando ya barabara ya lami, pamoja na vumbi na moshi wa magari. Cha tatu kilikuwa na karafuu zilizolala katika rundo siku mbili kabla ya kuanikwa. Sikuwaambia kipi ni kipi wala ni cha shamba la nani. Nikawafanyia kama nilivyofanyiwa Köln: nuseni, onjeni taratibu, semeni mmepata nini.

Wazee wetu wakanishangaza. Hakuna hata mmoja aliyekosea kikombe cha kwanza. Juu ya kikombe cha pili mmoja alisema kina harufu ya gereji. Ama cha tatu, mzee mmoja ambaye kila mtu anajua hapendi kupoteza maneno, alikunywa funda moja, akakirudisha kikombe chini, akauliza, "Shamba hili lina mwenyewe?"

Watu wakacheka. Mimi sikucheka, kwa sababu karafuu zile zilikuwa zangu. Mwenyewe nilikuwa Köln, na vijana niliowaachia walichuma nyingi kuliko majamvi waliyokuwa nayo, wakazirundika mpaka wapate nafasi. Basi aliyesema Katibu ameacha watu juu ya mikarafuu hakusema uongo, na adhabu yake nimekwisha inywa kikombeni mbele ya mashahidi.

Lakini tazameni faida iliyopatikana hapo. Tumeambiwa kwa miaka mingi, kwa matangazo na kwa mikutano, tusirundike karafuu mbichi, tusianike lamini, tusichanganye makonyo. Maneno hayo tunayajua kama tunavyojua alfabeti, na bado tunayavunja. Kikombe kimoja kilinifundisha zaidi ya matangazo yote, kwa kuwa nilisikia aibu. Mtu anaweza kubishana na Bwana Shamba, lakini hawezi kubishana na ulimi wake mwenyewe.

Kwa hiyo nayaleta mbele yenu mambo matatu, na nitayaomba rasmi katika Mkutano Mkuu ujao.

La kwanza ni meza ya kuonja. Kila msimu, siku moja kwa mwezi, kila mwanachama alete ofisini konzi moja ya karafuu zake kavu katika mfuko usio na jina, wenye nambari tu. Wazee watatu waliochaguliwa wazinuse, wazionje, wazitazame rangi, na wazijaribu katika bilauri ya maji, maana karafuu yenye mafuta yake huzama au husimama wima, na ile iliyopungukiwa huelea ubavu. Matokeo yasomwe kwa nambari. Mwenye nambari yake ataijua, na si lazima mwingine aijue. Gharama yake ni makaa na maji.

La pili ni ghala kuukuu nyuma ya ofisi yetu, ambalo sasa lina popo na magunia matupu. Nataka liwe Nyumba ya Karafuu. Silifananishi na meli ya vioo, wala hata na Beit el Amani ya Unguja. Nasema chumba kimoja kisafi, chenye pishi za kupimia, majamvi, mapakacha, mizani ya zamani, picha ambazo wengi wetu tunazo sandukuni, na mtambo mdogo wa kuonyesha mafuta yanavyotoka, kama yanavyotolewa kwenye makonyo katika kiwanda cha Wawi. Watoto wa skuli waingie bure, mgeni alipe. Na anayeeleza asiwe picha wala karatasi. Awe mkulima au mchumaji, kwa zamu, na alipwe kwa siku yake. Mgeni atakaye kujua mchumaji anapandaje mkarafuu na anaposhuka anahisi nini mgongoni, amwulize mchumaji.

Na humo tusifiche kitu. Karne ya 19 karafuu za visiwa hivi zilichumwa kwa mikono ya watumwa, na sheria ya kuuondoa utumwa ilikuja mwaka 1897. Kakao nayo ina doa hilo hilo. Mwaka 1909 kampuni ya Cadbury ya Uingereza iliacha kununua kakao ya São Tomé kwa sababu ya watu waliokuwa wakitumikishwa huko. Nyumba isemayo habari za sukari tu na isiseme habari za machozi, wageni wenye akili wataijua kuwa ni duka. Ukutani pa nyumba yetu pawekwe ubao mrefu, na juu yake yaandikwe majina ya wachumaji wa kila mtaa, wazima na waliokwisha tangulia, wakiwemo walioanguka. Nafasi ya jina la tajiri tutaitafuta baadaye ikibaki.

La tatu ni jina. Biashara ya karafuu iko mikononi mwa Serikali kwa sheria, na hapana mwanachama anayeambiwa aivunje. Wanaovusha karafuu kwa magendo usiku wanatuharibia jina sote. Lakini hapana ubaya Chama kuandika barua kwa wenye mamlaka, kuomba ruhusa ya kufunga vifuko vidogo vya karafuu zilizofaulu mezani, vyenye jina la kisiwa na mwaka wa kuchumwa, viuzwe katika Nyumba hiyo. Wakikataa, tutakuwa tumejua sababu. Wakikubali, tutakuwa tumeanza.

Najua majibu yatakayokuja. Mmoja atasema, Unguja wanayo tayari mashamba ya viungo ya kutembeza wageni huko Kizimbani na Kidichi, sisi Pemba nani atakuja? Namjibu kwamba karafuu nyingi za visiwa hivi zinatoka Pemba, na ni ajabu mtu akaonyeshwa kivuli cha mti mahali pengine na mti wenyewe uko kwetu. Tena wageni si shabaha ya kwanza. Hata asipokuja mgeni hata mmoja, watoto wetu watakuja, na wengi wao leo wanaijua karafuu kwa harufu ya pilau tu, hawajui kutofautisha nzuri na mbovu. Mtoto asiyejua kuonja zao la baba yake atalikata auze kuni.

Mwingine atasema, michezo haikaushi karafuu. Maneno hayo ni ya kweli, nami nayakubali, maana nimekwisha yaonja. Nyumba ikiwa nzuri na majamvi yakiwa machache, tutakuwa tumejenga uongo. Ndiyo maana meza ya kuonja nimeitanguliza, na ghala nikaliweka la pili. Ikiwa Mkutano hauna fedha ya yote, tuchukue la kwanza peke yake, mengine yangoje.

Na wa tatu atasema, Katibu anataka safari nyingine ya Ulaya. Huyo namwahidi hapa kwa maandishi: msimu ujao, kuanzia siku ya kwanza ya kuchuma mpaka gunia la mwisho, sitatoka kisiwani. Nitakuwa shambani kwangu nikihesabu majamvi, na konzi yangu ya karafuu itakuwa ya kwanza kuwekwa mezani, na yule mzee asiyependa kupoteza maneno ndiye ninayemtaka aionje.

Chokoleti kidogo nilileta, nikawagawia watoto wa chuoni mtaani kwetu. Mmoja aliuliza chokoleti inatoka mti gani. Nikamweleza. Akauliza tena, na wao wanaolima wanaila? Nikamwambia wengi hawaijui ladha yake. Akanitazama kama anayedhani namtania.

Mwenye kupinga niliyoyasema aandike, gazeti ni lenu, au aje Mkutanoni aseme kwa hoja. Mwenye kukubali aanze na kutengeneza majamvi yake kabla ya msimu.

Wabillahi tawfiq.

Ndimi mtumishi wenu,
Katibu wa Chama